Stika ya Bima ya Gari: Mwenzio Anajua Iko Wapi?

Mwezi huu sitaki tuzungumze zawadi, wala meseji za usiku, wala mawifi. Nataka tuzungumze karatasi. Ndiyo, karatasi! Usikimbilie ukurasa wa mitindo, maana karatasi hii ikikosekana siku inapotakiwa inaweza kuleta kasheshe nyumbani kuliko hata ile namba usiyoijua kwenye simu ya mwenzio.

Nina swali moja lenye vipande vitatu. Hilo gari mnalopanda kila asubuhi kutoka Fuoni, Kiembesamaki au Bububu kuja mjini, bima yake inaisha tarehe ngapi? Imeandikwa jina la nani? Na mkitakiwa kuionyesha sasa hivi, nani kati yenu anaweza?

Liulize swali hili kwenye baraza lolote la vijana waliooana, majibu ni yale yale. Bibi atasema, "Muulize baba watoto, mambo ya gari yake hayo." Bwana atasema, "Si ipo pale kwenye kioo?" Halafu wote watacheka, na mazungumzo yatarudi kwenye harusi ya wiki ijayo.

Kucheka si vibaya. Lakini wazee walishatuambia, mali bila daftari hupotea bila habari. Kwa wengi wetu gari ndiyo mali kubwa ya pili baada ya kiwanja, na bima ni sehemu ya daftari lake. Ninachotaka tukubaliane mwezi huu ni kimoja tu: bima ya gari si siri ya mtu mmoja ndani ya nyumba. Ni jambo la wawili, na ushahidi wake lazima uwe mikononi mwa wote wawili.

SI KWA AJILI YA TRAFIKI

Tunadhani ushahidi wa bima ni kitu cha kumwonyesha afande. Safari ya kwenda Paje au Nungwi mnaijua. Mnasimamishwa, afande anasogea, anaangalia kioo, anaomba leseni. Mkiruhusiwa, mnashusha pumzi na kusahau mpaka mwakani.

Kumbe sheria haikuletwa ili afande apate cha kuangalia. Waingereza waliifanya bima ya gari kuwa lazima kwao mwaka 1930, kwa sababu watu walikuwa wanagongwa na madereva wasio na kitu mfukoni, na aliyegongwa anabaki na maumivu na deni la hospitali. Wazo hilo likaenea duniani, na kwetu likafika. Kwa hiyo bima ya lazima kwanza ni ya yule mtu wa nje: kijana wa Vespa pale Mwanakwerekwe, mama anayevuka Darajani na kikapu chake, mtoto anayetoka skuli mbio. Hawa hawakuchagua kukutana na wewe.

Sasa fikiria umemgonga mmoja wao, na bima imekwisha juzi. Deni hilo halimwangalii aliyeshika usukani peke yake. Linaingia ndani ya nyumba. Linakula matofali mliyonunua kwa ajili ya kiwanja cha Tunguu, linakula ada ya skuli, linakula na ule usingizi wa amani. Ndiyo maana nasema hii ni mada ya mapenzi, si mada ya gereji.

Ukipita Jozani utakuta matuta barabarani, yaliwekwa ili kima punju wasigongwe. Ikiwa hata kima wamefikiriwa hivyo, jamani, na sisi tufikiriane!

NDOGO AU KUBWA?

Mtaani tunazo mbili. Bima ndogo ni ile ya lazima, inayomlipa mtu wa tatu, yaani uliyemdhuru wewe. Gari lako likibondeka, hiyo haikuhusu. Bima kubwa inamlipa mtu wa tatu na inalitazama gari lako pia: ajali, moto, wizi, kwa masharti yaliyoandikwa.

Hapa ndipo ndoa nyingi zinapopishana. Bwana amekata ndogo, bibi anajua "gari ina bima". Siku gari inapogonga mnazi njia ya Chwaka, bibi anauliza kampuni inalipa lini, bwana anatazama chini. Hakuna aliyedanganya, ila neno "bima" kila mmoja alilisikia kivyake. Kaeni mkubaliane kwa majina: tuna ndogo, au tuna kubwa?

Kubwa kwa kawaida huhesabiwa kwa asilimia ya thamani ya gari. Tuseme mmepigiwa asilimia 3.5 na gari ni la shilingi milioni 20. Hapo ni laki saba kwa mwaka, kabla ya kodi. Ni pesa, sikatai. Lakini zigawe kwa miezi 12, mtaona ni chini kidogo ya elfu sitini kwa mwezi. Kwa wanandoa wanaofanya kazi wote wawili hiyo ni hesabu ya kukaa mezani, si ya kuogopa.

Na usishushe thamani ya gari ili ada ipungue. Ukisema gari ni la milioni 10 wakati ni la milioni 20, siku matengenezo yakifika milioni 4, kampuni inaweza kukwambia: umekatia nusu, tunalipa nusu. Milioni 2 zilizobaki ni zenu.

Wapo pia ambao roho zao hazitulii na bima ya kawaida kwa sababu ya dini. Kwao ipo takaful, ambapo watu wanachangiana kwenye mfuko mmoja kwa misingi ya Kiislamu. Siku hizi inapatikana nchini, hata Shirika la Bima la Zanzibar, ZIC, lina tawi lake la takaful. Kwa hiyo "mimi siamini bima" siyo sababu tena ya kutembea mtupu.

KUIPATA BILA KUINGIZWA MJINI

Zamani chaguo lilikuwa finyu. Bara kulikuwa na Shirika la Bima la Taifa lililoanzishwa 1963, na huku kwetu ZIC lililoanzishwa 1969. Sheria ya mwaka 1996 ndiyo iliyofungua mlango kwa kampuni binafsi, na leo mawakala wapo kila kona, wengine na meza yao chini ya mwembe. Wengi ni watu safi. Lakini penye wengi, na mjanja hakosi. Kwa hiyo fuata haya:

1. Jua unanunua kwa nani. Msimamizi wa biashara hii ni Mamlaka ya Usimamizi wa Bima Tanzania, TIRA, iliyopata nguvu zake kwa Sheria ya Bima ya mwaka 2009, na inasimamia pande zote mbili za Muungano. Wakala lazima awe na leseni. Mwombe uione. Mtu mwaminifu hakasiriki.

2. Nenda na kadi ya gari na kitambulisho. Kama ni bima kubwa, gari litakaguliwa na kupigwa picha. Lipeleke kama lilivyo, na mkwaruzo wake.

3. Lipa kwa kampuni. Pesa iende kwenye akaunti au namba ya malipo ya kampuni, si kwenye simu ya "nitakufanyia chapchap". Bila ada kulipwa hakuna bima, na ahadi ya mdomo haimfufui mtu.

4. Soma kava noti papo hapo. Usiikunje! Tazama jina, namba ya gari, namba ya chesisi, aina ya bima, matumizi ya gari, tarehe na saa ya kuanza na kuisha. Herufi moja ikikosewa kwenye namba ya gari, irekebishwe kabla hujainuka kwenye kiti.

5. Hakiki mwenyewe. Hili ndilo muhimu kuliko yote. Siku hizi stika za bima zinatolewa kwa mfumo wa kielektroniki wa TIRA. Ingia kwenye ukurasa wao wa kuhakiki kwa simu yako, andika namba ya gari au ya stika, uone kinachotokea. Ikionekana kampuni, tarehe na gari lako, pumua. Isipoonekana, usiondoe gari. Rudi ulikonunua uulize, na usiporidhika nenda TIRA, ofisi Zanzibar wanayo.

Kisha mpigie picha mwenzio umtumie. Najua mnatumiana picha za biriani na za mtoto akicheka. Hii nayo ni picha ya mapenzi, tena inadumu miezi 12.

STIKA IMEPOTEA, BIMA HAIJAPOTEA

Stika hupotea kwa njia za kila aina. Kioo cha mbele kinapasuka, fundi anakitoa, stika inaondoka na vipande vyake. Jua letu na chumvi ya baharini vinakula wino mpaka tarehe haisomeki. Mkoba wenye karatasi zote unaachwa kwenye siti, unakuta kioo kimevunjwa na mkoba hauna mwenyewe. Au mnahama nyumba, na lile bahasha la kaki linapotea katika maboksi.

La kwanza, tulia. Karatasi ni ushahidi tu. Bima yenyewe ni mkataba, na upo kwenye rekodi za kampuni na kwenye mfumo. Rekodi ikiwa hai, bima iko hai. La pili, usikae nayo hivyo wiki mbili. Fanya hivi:

Tafuta namba zako. Angalia picha uliyomtumia mwenzio, risiti, meseji ya malipo, barua pepe ya kampuni. Huna kitu? Hakiki kwa namba ya gari, taarifa zitatoka.

Kama imepotea au imeibiwa, pata ripoti ya upotevu ya polisi. Waweza kwenda kituoni, na siku hizi jeshi la polisi linapokea taarifa za mali iliyopotea hata kwa mtandao. Ripoti hii inakulinda pia kama karatasi zako zitaokotwa na mtu mwenye nia mbaya.

Rudi kwa kampuni au wakala aliyekukatia, ukiwa na kadi ya gari, kitambulisho na ripoti. Sema wazi: "Naomba nakala ya stika na kava noti, bima yangu bado haijaisha." Kama ni kioo kilichobadilishwa au wino uliofutika, chukua mabaki ya stika au picha ya kioo kilichovunjika.

Ukiambiwa "kata nyingine tu, ndiyo rahisi", kataa kwa adabu. Unaomba nakala ya kitu ulichokwisha kukilipia. Na kuwa na bima mbili kwa gari moja hakukupi fidia mara mbili. Bima hukurudisha ulipokuwa, haikutajirishi.

Wakati unasubiri, tembea na nakala iliyochapishwa na ile picha kwenye simu. Ukisimamishwa, eleza kwa heshima: "Afande, stika imepotea, ripoti yangu hii hapa, na namba ya bima ni hii, waweza kuihakiki." Maneno hayo yanafaa zaidi kuliko "mimi mtoto wa fulani".

Wenzetu wengine wameshaivua kabisa. Ufaransa, tangu Aprili 1, 2024, dereva habandiki tena ile karatasi ya kijani kwenye kioo, polisi wanaangalia rekodi za magari yaliyokatiwa bima. Na sisi tumeshaanza kuelekea huko. Ila usiwe wa kwanza kuibandua yako!

JINA LA NANI?

Sasa tumefika kwenye chumba chenyewe. Sikiliza mazungumzo haya, nadhani utayatambua.

"Mume wangu, bima ya gari ipo kwa jina la nani?"

"Kwa nini? Unataka kuniacha?"

"Sikuachi. Nataka siku ukiwa Pemba kikazi nisikwame."

Ona jinsi swali dogo lilivyogeuka kesi. Lakini jina kwenye bima si pambo. Kwa kawaida fidia ya gari huzungumzwa na mtu aliyeandikwa kwenye mkataba, na hulipwa yeye. Kama dada umechukua mkopo wa kazini, umenunua gari, halafu likaandikwa jina la bwana kwa sababu "ndiye mwanamme", basi siku ya fidia hundi itamfuata bwana. Mkiwa mnapendana, mtagawana. Mkiwa hamuongei, utaanza kutafuta risiti za miaka mitatu nyuma. Sisemi mgombane, nasema muandikishe ukweli mapema, mkiwa bado mnachekeana.

Lipo na la gari la mkononi. Umenunua IST kwa mtu Mombasa ile ya kwetu hapa Unguja, si ya Kenya. Gari ina stika ya miezi saba, na muuzaji anakwambia, "Bima bado ipo, endesha tu." Usiendeshe tu! Bima ile ilikuwa mkataba kati yake na kampuni. Akishauza, yeye hana tena hasara gari likiharibika, na wewe kampuni haikujui. Badilisheni umiliki wa gari ZRA, kisha nenda kwenye kampuni ya bima ukabadilishe jina au ukate mpya. Fanya siku ile ile, kabla hujaenda kumwonyesha mkwe.

Na nani anaendesha? Bima nyingi zinataka dereva awe na leseni hai ya aina ya gari analoendesha. Shemeji aliyeanza kujifunza juzi, anayeomba funguo "hapo Michenzani tu narudi", anaweza kuifanya kampuni ikatae kulipa gari lenu. Kumnyima funguo si roho mbaya. Mwambie, "Shemeji, nakupenda, lakini bima haikupendi bado."

GARI LA NYUMBANI, KAZI YA BIASHARA

Maisha ni kuhangaika, na kisiwa chetu kinaishi kwa wageni. Kijana ana Noah ya familia, siku za wiki inampeleka mke kazini, Jumamosi inachukua wageni Uwanja wa Ndege wa Abeid Amani Karume inawapeleka Nungwi. Au ana Escudo yake, anaikodisha kwa mtalii siku tatu. Pesa tamu, tena ya haraka.

Tatizo ni mstari mmoja kwenye kava noti: matumizi. Kama pameandikwa binafsi, na wewe umebeba abiria wa kulipa, kampuni ina sababu ya kukataa dai lako. Gari la kukodisha lina bima yake, gari la abiria lina yake, na ada zake ni tofauti. Mwambie wakala ukweli. Tofauti ya ada utaipata kwa safari chache za Nungwi. Hasara ya gari zima huipati hata kwa msimu mzima.

Na hapa niondoe mkanganyiko mmoja. Tangu Oktoba 1, 2024, wageni kutoka nje ya nchi wanaoingia Zanzibar wanatakiwa kuwa na bima ya safari ya ZIC, dola 44 kwa mtu mzima. Nimesikia vijana wakisema, "Mgeni ana bima yake, sina wasiwasi." Kaka, bima ile ni ya mgeni na safari yake. Haigusi bampa yako.

Wale wa harusi za Mombasa, ile ya kweli sasa, nanyi nisikilizeni. Bima ya hapa hupati uhakika wake ukishavuka Horohoro. Ulizia Kadi ya Njano, ule mpango wa COMESA unaotambulika Kenya, Uganda na nchi nyingine kadhaa. Tanzania ilijitoa COMESA mwaka 2000 lakini kwenye kadi hiyo imebaki. Na kabla gari halijapanda meli kwenda Dar es Salaam, uliza kama bima yako inalifuata baharini au inasubiri gatini.

SIKU MMOJA AKIWA HAYUPO

Najua hili halipendezi kulizungumza, lakini gazeti linalozungumza mapenzi bila kuzungumza msiba linazungumza nusu tu.

Mume akifariki, gari lililokuwa jina lake linakuwa mali ya warithi mpaka mirathi igawiwe, na hapa kwetu mara nyingi shughuli hiyo hupitia Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana. Wakati huo mke yuko eda, miezi minne na siku kumi. Hazunguki ofisini. Gari liko uani, na mara mdogo wa marehemu anakuja, "Naomba nipeleke watoto skuli." Anachukua. Hakuna anayejua bima inaisha lini. Hakuna anayejua kava noti iko wapi, kwa sababu aliyekuwa anajua tumemzika.

Ajali ikitokea hapo, huyo mama atapata mzigo juu ya mzigo. Na wala hahitaji kutoka ndani ili aepukane nao. Angekuwa na ile picha kwenye simu yake, angempa kaka yake namba, kaka akaenda kampuni akasema, "Mwenye bima amefariki, familia inataka kujua hali ya bima na nani anaruhusiwa kuendesha." Kampuni ingewaambia la kufanya. Mpaka hapo, funguo zikae kabatini.

Hata bila msiba, kutokuwepo kupo. Mmoja ana semina Arusha, mmoja amelazwa Mnazi Mmoja, mmoja yuko Muscat kwa shangazi. Ajali haisubiri mtu arudi. Ikitokea, msaidieni majeruhi kwanza, waiteni polisi, pigeni picha, chukueni majina na namba za gari la pili. Majeruhi apate fomu ya PF3. Toeni taarifa kwa kampuni mapema, maana mikataba mingi ina siku zake za kutoa taarifa. Na msiandikiane karatasi za "nakubali kosa, nitalipa" pale barabarani kabla kampuni haijajua. Kampuni ikiwazungusha bila sababu, lalamikeni TIRA, na ipo pia Ofisi ya Msuluhishi wa Migogoro ya Bima.

JUMAMOSI MOJA TU

Sikuachi bila kazi ya nyumbani. Chagueni Jumamosi moja, baada ya chai, kabla ya kwenda ufukweni. Chukueni kava noti, kadi ya gari na simu zenu. Kila mmoja ajibu bila kuchungulia kwa mwenzake, kisha mlinganishe:

• Bima yetu ni ndogo au kubwa?
• Inaisha tarehe ngapi?
• Jina lililopo ni la nani, na ndilo lililopo kwenye kadi ya gari?
• Matumizi yaliyoandikwa ndiyo tunayoyafanya?
• Nani anaendesha gari hili, na leseni zao ziko hai?
• Kampuni ni ipi, na namba yao ya simu ni ipi?
• Karatasi zenyewe ziko wapi?

Mkipata yote sawasawa, nyinyi ni mfano wa kuigwa, nendeni mkale urojo. Mkikosa matatu, msilaumiane. Hakikini bima kwenye simu pale pale, pigeni picha kila karatasi, tumianeni, halafu wekeni ukumbusho kwenye simu ya kila mmoja mwezi mmoja kabla ya tarehe ya kuisha. Nakala moja iwekeni nyumbani, mbali na gari, maana gari likiibiwa na karatasi zake ndani, mnaanza moja.

Wapo watakaosema haya ni mambo makavu, hayana mahaba. Mimi naona kinyume chake. Kumwambia mtu "nakupenda" ni sekunde moja. Kuhakikisha kwamba siku ya balaa hatabaki barabarani peke yake, hana namba, hana karatasi, hana wa kumuuliza, hiyo inataka mtu aliyekuweka moyoni.

Basi, muulize mwenzio leo. Akikuuliza kama unataka kumwacha, mwonyeshe ukurasa huu.

Tukutane mwezi ujao, Inshallah. Endesheni polepole.